Oddvar na Kinamasi cha Mama Mkwe

Oddvar alikuwa mkaguzi wa nyaya za umeme. Alisimama zake barabarani na rimoti mkononi, droni ikaenda kumtazamia huko milimani. Kamera ya joto iliyofungwa chini yake haifichwi kitu: waya mzima huonekana wa kijivu, kiungio kilicholegea huwaka cheupe pe. Nguzo zote za bonde lile alizijua. Asichokijua ni mahali mama mkwe wake, Gudveig, anapochuma multe.

Na multe, jamani, si mchezo. Matunda haya ya dhahabu huota kinamasini, na mwenye pake hapataji hata kwa mtoto wa kumzaa. Gudveig hakuwahi kumwambia binti yake, Turid, sembuse mkwe. Kila Krismasi alileta bakuli la multe kwa krimu, akampakulia Oddvar kijiko kimoja, kisha akamuuliza kama ameshiba. Jambo hilo lilimuuma Oddvar, tena sana.

Siku moja ya Agosti, mawingu yametanda, droni ikafika nguzo ya mwisho nyuma ya mlima. Kiungio cha juu kilikuwa kinawaka vibaya. Chini yake, kinamasini, paliwaka kitu kingine kama mkate uliotoka jikoni sasa hivi: mtu kalala kifudifudi, kajifunika matawi ya msonobari, thamosi ya kahawa ubavuni. Kamera ya kawaida ilionyesha matawi tu. Ile ya joto ilionyesha umbo ambalo Oddvar hulifuata nyuma kila Jumapili wakienda kanisani.

Kiungio kile kikiachwa, msitu utaungua. Akikiripoti, mafundi watakuja kesho na mitambo yao, kinamasi kitavurugwa chote na habari zitafika mpaka dukani. Aliripoti palepale. Kisha akampigia mama mkwe simu, na kwenye skrini lile umbo likaanza kujipapasa mifuko.

"Niko nyumbani, nafuma soksi," Gudveig alinong'ona.

"Mama, kesho mafundi wanakuja hapo ulipolala."

Umbo likaketi. Oddvar akamwonea huruma.

"Peke yangu sitamaliza," Gudveig akasema. "Njoo na ndoo. Na skafu."

Kumbe skafu ni ya kumfunga macho. Gudveig alimngoja barabarani, akakaza fundo mwenyewe, akamkokota kwa mkono wa koti, ingawa mkwe alikwisha kumwona kinamasini kwa kamera yake. Oddvar akafuata kama mbuzi, akitumbukia katika kila dimbwi, wala hakulalamika. Walipofika akafunguliwa, wakachuma mpaka migongo ikagoma na ndoo zikajaa.

Wakati wa kurudi, Oddvar akainamisha kichwa afungwe tena. Gudveig akaitazama skafu, akaikunja, akaitia mfukoni.

"Hata Turid usimwambie," akasema.