Gauni la Kwenye Kioo

Watu walimwita Fundi Nafasi, na jina hilo alilitolea jasho. Katika kila nguo aliyoshona, ndani ya mshono aliacha kitambaa cha ziada, kimekunjwa na kupigwa pasi kisionekane. Mwanamke akijifungua akanenepa, anarudi, fundi anafumua na kuongeza. Mwanamume akipandishwa cheo, tumbo likaanza kumtangulia mlangoni, vivyo hivyo. Zamani hizo nguo ilimsubiri mtu, na mtu hakuona haya kubadilika.

Ndipo kikaja kioo. Kilifungwa kwenye kibanda kati ya duka la dawa na kinyozi, na mwenye nacho mpaka juzi alikuwa akiuza makava ya simu. Akavaa koti jeupe, watu wakamwita daktari. Unaketi, unaweka kidole, kioo kinakuonyesha kesho zako zinazowezekana: wewe na duka, wewe bila duka, wewe mnene, wewe mwembamba. Kisha unachapishiwa picha ya ile uliyoipenda. Mlangoni palibandikwa maandishi kwamba yote hayo huenda yakawa na huenda yasiwe. Nani alisoma? Walichagua kesho kama wanavyochagua nyanya, wakaenda nazo nyumbani, wakakaa kuzingoja. Mvivu mmoja alijiona ana ghorofa, akaacha hata kibarua alichokuwa nacho.

Kwa fundi walianza kuja na vipimo vya mwakani. "Usiache nafasi, fundi. Nimeshaona." Aliitikia kwa kichwa, wakishatoka akaiacha kama kawaida.

Mpaka alipokuja mjukuu wake, aliyekuwa karibu kuolewa.

"Shikamoo, mume wangu," alisema, maana walitaniana hivyo tangu akiwa mdogo.

"Marahaba, mke wangu. Umekuja kuniaga? Unaniacha kwa yule mwenye masikio kama mikono ya sufuria?"

"Ana masikio, lakini na meno anayo. Wewe je?"

Akaweka picha juu ya cherehani. Bibi harusi mwembamba kama sindano, ndani ya gauni rangi ya maziwa lililombana kila mahali.

"Ulionyeshwa hii peke yake?"

"Walikuwa wengi. Wengine wote wanene tu, nikawakataa."

"Sasa utafanya nini ili uwe hivi?"

Mjukuu alimtazama kama mtu aliyeulizwa atafanya nini ili kuche. "Babu, si nimeshachagua?" Akafungua pakiti ya biskuti.

"Basi nitaacha nafasi kidogo."

"Mshono utavimba, halitafanana na picha. Nakujua wewe. Nakaa hapa hapa mpaka ukate."

Na kweli alikaa, akitafuna. Fundi aliupitisha mkasi mahali ambapo haujawahi kupita, na vile vipande vyembamba vikaanguka chini, vikafagiliwa pamoja na makombo ya biskuti.

Siku ya harusi aliitwa chumbani. Zipu ilikuwa imefika nusu ya mgongo ikagoma. Shangazi wawili walikuwa wakiivuta, mmoja ameweka goti kiunoni mwa bibi harusi. Nje magari yalipiga honi. Poda ilikuwa ikiteremka na machozi.

"Babu, legeza."

"Nilegeze nini, mke wangu? Si ulinisimamia?"

Hakuna aliyecheka. Alikuwa na haki ya kugeuka na kwenda zake, na haki hiyo aliifikiria kwa muda. Kisha akavua koti. Ndilo alilojishonea alipooa, akaliongeza kadiri mwili ulivyotaka, likamfikisha uzeeni. Bitana yake ilikuwa hariri, rangi ya maziwa. Akaifumua kwa wembe, akakata vipande viwili, akaanza kuvitia ubavuni mwa gauni kwa mkono, huku shangazi wakimhimiza afanye haraka. Hao hao ndio waliompeleka mtoto kwenye kioo.

Zipu ikapanda. Mjukuu akajigeuza mbele ya kioo cha kabati, kile kisichojua lolote la kesho.

"Kwenye picha hakukuwa na hivi viraka," alisema.

Fundi alikuwa na pini mdomoni, na hizo ndizo zilizomwokoa mjukuu na jibu.

Baadaye alialikwa nyumbani kwa maharusi. Alikwenda na koti lake lisilo na bitana, likimwasha mgongoni. Wakamketisha kwenye kochi, na ukutani, ndani ya fremu ya dhahabu, wametundika harusi yao. Haikuwa picha ya siku ile. Ilikuwa ile ya kioo, na yule bibi harusi wake mwembamba kama sindano. Picha za siku yenyewe, mwenye masikio alieleza bila soni, zipo kwenye bahasha mahali fulani.

Mgeni mmoja, jirani yao, akasogea kuitazama. "Babu, kumbe gauni hili umeshona wewe? Hongera."

Mjukuu alimtupia babu yake jicho la kuomba.

"Hapana," alisema Fundi Nafasi, akijikuna. "La kwangu lilivaliwa na mtu."