Korongo Wanaonyeshwa Wapi?

Jumamosi ya mechi, Bartolomayo Mhako aliamka Nkuhungu, mjini Dodoma, kwa binti yake akiwa na swali moja, na kila aliyemuuliza alimrudishia swali lingine: Korongo ndiyo timu gani?

Hawakuwa na makosa. Korongo FC ilikuwa timu ya kanda ya ziwa, imepanda ligi kuu msimu uliopita, na Dodoma nzima usingemkuta mtu aliyevaa jezi yake. Jioni hiyo, saa kumi, ilikuwa inacheza na timu nyingine ndogo kama yenyewe. Vibanda vya mpira vya mtaani vilikuwa na mechi za Uingereza kuanzia mchana hadi usiku, na mbao zao za chaki nje ya milango hazikuwa na nafasi ya Korongo.

Bartolomayo mwenyewe hakuwa mtu wa mpira. Alilima uwele na alizeti upande wa Haneti, alikuwa mzee wa kanisa, na goti lake la kulia lilikuwa limeanza kumkatalia safari. Alitaka kuona mechi moja tu, na ilimpasa aione kabla ya Jumatatu.

Alijaliwa watoto watatu. Gladness, aliyeolewa Nkuhungu na kushona nguo kwenye kibaraza chake, ndiye wa katikati. Wa kwanza ni Meshack, ambaye tangu mdogo hakuna aliyemfikia kwa mbio. Wa mwisho, Daudi, alizaliwa na tundu kwenye moyo. Daudi hakuwahi kukimbia. Kaka yake alipocheza kwenye uwanja wa shule, yeye alikaa pembeni ameshika shati na ndala zake mpaka filimbi ya mwisho. Alifariki akiwa na miaka kumi na mitano. Wakamzika nyuma ya nyumba, na Meshack ndiye aliyeandika jina lake msalabani kwa msumari, saruji ikiwa bado mbichi.

Miezi michache baadaye Meshack aliondoka kwenda kutafuta timu. Cheti cha kuzaliwa cha Daudi kiliondoka naye. Mchezaji wa miaka ishirini na moja asiyejulikana popote hana mnunuzi. Wa miaka kumi na mitano watu humsogelea wamtazame. Bartolomayo alilijua jambo hilo wiki ileile, na hakusema neno. Vijana wa kijijini walipoanza kulisikia redioni jina la Daudi Mhako, walitazamana, na wakubwa wakawaambia wanyamaze. Mtoto akipata, walisema, hapati peke yake.

Kisha simu ikapigwa.

"Baba, kuna timu kubwa ya Dar inanitaka," Meshack alisema. "Lakini kuna mtu amepeleka maneno kwamba umri si wangu. Jumatatu wanamtuma mtu aje nyumbani kuuliza."

"Kuuliza nini?"

"Watoto wako. Na akifika ataliona kaburi."

Bartolomayo aligeuka kutazama nyuma ya nyumba.

"Lizibe lile jina, Baba. Andika la kwangu."

Mkewe, Lea, alikuwa ameketi karibu anachambua mlenda, na simu ile ilikuwa na sauti kubwa. Aliinuka na ungo wake, akasema, "Mwambie aje aniambie mimi," akaingia ndani.

Bartolomayo hakumkubalia mwanawe wala hakumkatalia. Miaka minne alikuwa hajamtia Meshack machoni. Kwao hata marehemu huonwa uso kwanza ndipo afunikwe, naye aliona hawezi kumfukia mtu kwa sauti ya simu. Ilibidi amwone. Kijijini hapakuwezekana: nani angekaa naye mbele ya televisheni, huku mtangazaji akimwita Daudi, na wote walishika makoleo siku Daudi alipozikwa? Ndiyo maana alikuja mjini.

"Baba, andika tu yaishe," Gladness alimwambia asubuhi hiyo, kichwa kikiwa juu ya cherehani. "Aliyekufa hana kazi na jina. Aliye hai analihitaji."

"Mama yako hasemi hivyo."

"Mama hasemi chochote, Baba. Ndiyo tabu yake." Alikata uzi kwa meno. "Ukifika huko waambie namba kumi na saba. Usiseme jina, utajichanganya."

Alianzia kibanda cha karibu. Kijana aliyekuwa anaandika ubao hakugeuka hata kumtazama.

"Korongo? Mzee, hapa tunaonyesha mpira. Ndege nenda bwawani."

Wenzake wakacheka. Bartolomayo alisubiri kicheko kiishe, akauliza ni wapi basi wanaonyesha, na kijana akamwelekeza kwenye baa mtaa wa pili. Kule mama mmoja aitwaye Stara alimwamkia kwa heshima, akamkaribisha kiti na kumweleza kwamba king'amuzi kilikatika tangu mwezi uliopita. Sasa televisheni ile ni ya muziki. Alimwelekeza kwa Seleman, nyuma ya mashine ya kusaga. Goti lilikuwa limeanza kuuma. Upepo wa Dodoma ulimrushia mchanga usoni, naye akawa anatembea ameinamisha kichwa na kofia kaishika kwa mkono, kama mtu anayeingia nyumba yenye msiba.

Seleman alikuwa mtu mnene wa makamo, mwenye kanzu na tasbihi, anafagia kibanda chake mwenyewe.

"Shikamoo, mzee wangu."

"Marahaba. Natafuta mechi ya Korongo."

Seleman akaacha kufagia. "Tangu nimefungua biashara hii hajaniomba mtu Korongo. Una nini nao?"

"Mwanangu anacheza."

"Wallahi? Yupi?"

"Namba kumi na saba."

Seleman alimtazama kuanzia kofia hadi kandambili. "Arsenal wanaanza saa kumi na moja," alisema. "Kuanzia saa kumi mpaka hapo nakuwekea Korongo. Ikifika saa kumi na moja nikichelewa kugeuza, wale vijana watanitobolea bati. Tumeelewana?"

"Tumeelewana."

"Basi kaa mbele. Mzazi hakai nyuma."

Hadi saa kumi vijana waliowahi viti walikuwa wamejaza nusu ya mabenchi. Picha ilipofunguka kwenye uwanja wenye nyasi za viraka, mmoja wao, fundi pikipiki aitwaye Fahadi, aliruka juu.

"Seleman! Ligi ya wapi hii? Angalia pale golini, kuna mbuzi!"

"Huyo ni kipa wao, mheshimu," mwingine akajibu.

Kamera ilipita polepole kwenye nyuso za wachezaji waliojipanga. Bartolomayo aliinuka nusu kutoka kwenye benchi. Meshack alikuwa amejaa mabega na shingo. Kovu la kidevuni, alilolipata utotoni alipoanguka juu ya jembe, lilikuwa palepale. Alikuwa anatafuna kitu, macho yake yakiwa mbali, na kwa muda mfupi alitazama moja kwa moja kwenye kamera. Baba yake akajikuta anaitika kwa kichwa.

"Namba kumi na saba," alisema mtangazaji, "kijana mdogo kabisa kikosini, miaka kumi na tisa tu, Daudi Mhako."

"Kumi na tisa?" Fahadi alipiga kelele. "Huyo ana wajukuu!"

Kibanda kikaangua kicheko. Seleman alimkaripia Fahadi kwa macho, lakini Fahadi hakumwona. Bartolomayo alikaa chini. Alimtazama mwanawe akikimbia, na kila alipogusa mpira mtangazaji alimwita Daudi: Daudi anapokea, Daudi anamzunguka mtu, Daudi ana kasi ya ajabu huyu kijana. Aliyaweka mawazo yake kwenye miguu ile, asimwone yule wa pembeni ya uwanja mwenye shati na ndala mkononi. Hakuweza.

Zikiwa zimebaki dakika chache kabla ya mapumziko, mpira ulimfikia Meshack kushoto, akaingia nao ndani, akapiga. Nyavu zikatikisika. Hata waliokuja kwa ajili ya Arsenal walisimama. Meshack alikimbilia kwenye bendera ya kona, akapiga goti, akainua vidole viwili juu.

"Goli la Daudi Mhako!" mtangazaji alifoka. Kisha akashusha sauti. "Na bila shaka, watazamaji, goli hili anampelekea marehemu kaka yake, Meshack. Daudi ametusimulia mara nyingi kwamba kaka yake ndiye aliyemfundisha mpira, na akafariki bila kucheza timu yoyote. Mungu ailaze roho yake mahali pema."

"Amina," wakaitikia wawili watatu.

Bartolomayo hakusikia kilichofuata. Alielewa kwamba alichoombwa kwenye simu kilikuwa kimekwisha kufanyika muda mrefu. Alibaki yeye na saruji tu.

Seleman hakujua chochote cha hayo. Furaha ilimshinda. Alipanda juu ya kreti la soda akapiga makofi.

"Jamani! Mnamwona mzee huyu? Ndiye baba yake! Baba Daudi ndiye huyu!"

"Acha uongo!"

"Wallahi amenifuata mwenyewe. Muulizeni!"

Kelele zikageuka kuwa shangwe. Baba Daudi! Baba Daudi! Tangu ujana wake watu walimwita Baba Meshack. Fahadi alipita juu ya mabenchi hadi mbele, na uso wake ulikuwa umebadilika. Akamshika mzee mkono kwa mikono yake miwili, akainama.

"Mzee wangu, nisamehe, mimi mdomo wangu hauna breki. Hongera kwa Daudi." Akashusha sauti. "Na pole sana kwa Meshack."

Mtu mmoja alipunguza sauti ya televisheni. Neno hilo la pole lina jibu lake, na kila aliyelelewa na watu analijua. Linatoka lenyewe, kama mkono unavyozuia inzi asiingie jichoni.

"Nimeshapoa," alisema Bartolomayo.

Akalisikia likitoka. Fahadi alimwachia mkono, na nyuma yake alikuwa amesimama mwingine. Pole, mzee. Nimeshapoa. Mungu akutie nguvu. Asante. Walipanga foleni kati ya mabenchi, vijana wa jezi nyekundu, kila mmoja na mkono wake, na baadhi wakamwachia kiganjani chochote walichokuwa nacho, kama ifanywavyo kwa mfiwa. Hakuweza kukataa, rambirambi haikataliwi. Msiba wa Meshack ulikaliwa hapo Nkuhungu, kwenye kibanda cha Seleman, wakati wa mapumziko. Ilipofika saa kumi na moja Seleman aligeuza chaneli, na hakuna aliyeuliza Korongo waliishaje.

Jumapili alirudi nyumbani na kilo chache za saruji kwenye mfuko wa nailoni. Hakupitia kanisani. Lea alimkuta nyuma ya nyumba amepiga magoti, anakoroga kwenye kopo.

"Umemwona?"

"Nimemwona. Amenenepa."

"Ana afya?"

"Ana afya."

Lea aliusogelea msalaba, akapitisha kidole kwenye herufi za Daudi, moja baada ya nyingine. Meshack alikuwa ameziandika kwa kukandamiza, na zilikuwa na kina.

"Na wewe umeamua."

"Waliniambia pole, Mama Meshack. Mbele ya watu. Nikawaitikia."

Lea aliuondoa mkono wake msalabani. "Kwa hiyo ulikwenda mjini kumwona," alisema, "ukamzikia hukohuko." Lakini hakuondoka. Alibaki amesimama mpaka jina lilipozibwa lote, na Bartolomayo alipochukua msumari, hakumsaidia. Herufi za Meshack zilitoka zimepinda, kubwa kuliko za mwanzo.

Mgeni alifika Jumatatu kabla ya mchana, kijana mstaarabu mwenye viatu vilivyojaa vumbi. Alikunywa uji, akauliza alichotumwa kuuliza. Alipopelekwa nyuma ya nyumba alivua kofia, kisha akaomba ruhusa ya kupiga picha. Saruji mpya ilikuwa na weusi ambao ya zamani ilikwisha kuupoteza. Kama aliuona, hakuusema.

"Poleni sana, wazee wangu," alisema.

"Tumeshapoa," Bartolomayo alijibu.

Mgeni aligeuka kumpa mkono Lea, na Lea hakuutoa wake. Alikuwa anautazama msalaba. Mgeni alidhani ni uchungu, akaushusha mkono taratibu, na hakukosea.

Siku hizi mtu haulizi tena anaonyeshwa wapi. Timu ile kubwa ya Dar ilimsajili, na ikicheza, hata kwenye senta ya Haneti baa inajaa, na vijana hupita nyumbani kumwambia mzee saa ya mechi. Huwashukuru, na hubaki nyumbani. Simu ikiita, Lea humpelekea mumewe bila kuitazama. Mwana mwenyewe ametuma ujumbe kwamba angependa kuja Krismasi, ila anashauriwa asionekane sana kijijini kwa sasa.

Jioni Lea hufagia nyuma ya nyumba. Hung'oa majani kuzunguka kaburi, kama alivyofanya miaka yote, na akifika msalabani huuzunguka kwa nyuma, upande usio na maandishi.