Usiitike Mpaka Umwone

Nilipokuwa mtoto kule Uroa, kuitika kulikuwa na masharti yake. Bibi yangu, mama yake mama, alinionya: ukiitwa jua la utosini, usiitike mpaka umwone anayekuita. Shetani wa mikokoni huiga sauti ya mtu unayempenda. Ukimwitika tu, keshakuchukua. Nami nikaamini. Nani angebishana na bibi yule!

Siku moja wakaja watu wa filamu kutoka mjini, wanataka kupiga picha kazi ya makumbi. Wanawake wetu walikuwa wakiyafukia makumbi ya nazi kwenye tope la pwani mpaka yaoze, kisha wakiyafukua na kuyaponda wapate nyuzi za kamba. Wageni wakasema wamesikia kazi hii inakufa. Bibi akacheka.

"Inakufa? Na hii inayonivunja kiuno ni maiti?"

Akaenda zake kufukua nyuma ya mikoko, kwenye tope zito ambalo kamera haikuthubutu kumfuata. Mimi wakanikalisha pale ufukoni nisokote kamba, nisiwatazame. Jua lilipofika utosini, maji yakaanza kujaa. Mara nasikia, "Mize! Mize we! Njoo, maji hayo!"

Sauti ya bibi hasa. Nikageuka, mtu hakuna. Nikakumbuka lile onyo, nikafumba mdomo. Ikaita, ikaita, mimi kimya, maji yananilamba miguu na wageni wanakusanya vyombo vyao.

Bibi akatokea mbio, kanga yote tope. "Nnakwita mpaka koo linakauka! Umeziba masikio?"

"Si ulisema nisiitike, bibi? Sikukuona."

Akanitazama, akaangua kicheko, akanikumbatia na tope lake lile lile. "Ndivyo, mwanangu. Hata nikiwa mimi."

Leo nami natengeneza filamu za mambo ya shamba na pwani yanayotutoka. Kamba za Uroa sasa ni za nailoni. Bibi alifariki bila kuacha picha hata moja, kwa hiyo niliutafuta mkanda wa wale wageni kwa miaka, mpaka mmoja wao akanipa nakala. Nikautazama kwa pupa nimwone. Hayumo! Walizima kamera kabla hajatokea. Kuna mgongo wangu, mikoko, na sauti yake.

Saidi, kijana ninayehariri naye filamu pale Malindi mjini, akasema, "Da Mize, hapa tukate. Mtu anaita tu, wala haonekani."

"Thubutu!" nikamwambia. Akanishangaa.

Kama shetani wa mikokoni yupo, mimi sijui. Najua bibi alinifunza kuiogopa sauti isiyo na mtu, na hiyo ndiyo iliyonibakia kwake. Sasa naitamani.

Juzi Saidi alipokwenda kusali alasiri, nikavaa visikilizio, nikaurudisha mkanda nyuma.

"Mize! Mize we!"

"Labeka, bibi," nikaitika, kwa sauti kabisa.

Yeye akaendelea kuniita.