Nilipomtania Aliyekuja Kudai

Mimi ni Mnyamwezi, na kwa Mgogo mimi ni mtani. Yaani naweza kumwita mchawi mbele ya wakwe zake akacheka, naye anaweza kunivua kofia msibani na kudai hela ya kuikomboa. Kukasirika hakuruhusiwi. Nilipopata ukarani katika ofisi moja ya umma hapa Dodoma, utani huo ulinisaidia kuliko cheti changu.

Mwaka mmoja tulichimba mtaro Makole kwa vibarua, na mimi ndiye niliyeandika mahudhurio. Miongoni mwao alikuwamo mama mmoja wa Kigogo, mtu mzima, mkulima wa Haneti, aliyekuja mjini kutafuta hela ya msimu. Alibeba makarai ya mchanga kutwa nzima na mdomo wake haukupumzika. "Mtani, leo umeoga? Mbona nzi wote wamehamia kwako?" Nilimpenda sana yule mama.

Siku kumi na mbili za mwisho niliziandika kwenye karatasi ya pili, nikaitia kwenye droo nikimsubiri mhandisi asaini. Kisha nikaisahau. Sina maelezo mengine. Ulikuwa uzembe wangu.

Vibarua walipokuja kuuliza, niliwajibu kama tulivyozoea kuwajibu: mfumo unasumbua, hela haijasoma, njooni wiki ijayo. Novemba ikawa inayoyoma. Asubuhi moja yule mama akaja peke yake, akasimama mbele ya meza yangu. Siku hiyo hakutania. Alisema anataka kurudi kijijini kabla mvua haijaanza, na kwamba hela ile ndiyo ya kukodi plau na kununua mbegu za mtama.

"Siku kumi na mbili, baba. Si wewe mwenyewe uliyeniandika?"

Hapo ndipo nilipoikumbuka droo. Mhandisi alikuwa ameketi hatua tatu kutoka kwangu. Ningeitoa karatasi mbele yake, angenifokea, yangekwisha. Lakini niliogopa kuaibika mbele ya wenzangu, nikapaza sauti:

"Jamani, waoneni Wagogo! Mpaka ofisini wanatufuata kuomba!"

Ofisi nzima ikaangua kicheko. Kuwaita ombaomba ndio utani mkongwe tunaowatania, hakuna asiyeujua. Naye akacheka, maana mtani akitaniwa hucheka. Akajifunga khanga yake vizuri, akaaga, akatoka. Alikuwa amekuja kudai jasho lake, mimi nikalifanya sadaka, na kwa mila zetu nikawa nimemnyima hata nafasi ya kukasirika. Mzaha mzaha hutumbuka usaha, nami niliufahamu msemo huo tangu utotoni.

Karatasi niliipeleka mchana uleule, kimyakimya. Malipo yalipitia meza nyingi, na hela ilipoingia kwenye simu za vibarua, Januari ilikuwa inakwisha. Mvua nayo haikumsubiri mhasibu.

Februari tulipita Haneti kwa safari ya kikazi, nikamwomba dereva asimame. Niliulizia, nikaelekezwa. Mashamba ya majirani yalikuwa na mtama uliofika kiunoni. Lake lilikuwa na majani matupu, isipokuwa kipande kidogo karibu na nyumba ambacho bila shaka alikilima kwa jembe la mkono.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba. Karibu."

Akanipa kigoda na maji ya kunywa. Nikamwambia ukweli wote: karatasi, droo, woga wangu. Alinisikiliza bila kunikatiza. Nilipomaliza nikamuuliza kama hela ilimfikia.

"Ilifika. Nikanunulia unga."

Nilikaa pale nikingoja anichokoze, aniulize lini nilioga, anidai faini, anitukane ukoo mzima kama desturi ilivyomruhusu. Ningelipa chochote. Yeye akaniuliza habari za safari, akanipa salamu za watoto wangu nyumbani, akanisindikiza hadi kwenye gari kwa heshima zote anazopewa mgeni kutoka serikalini.