Siku Niliyovaa Koti la Kasanda

Aibu hii ningeificha, lakini kwa kuwa nusu ya Tabora wameshaiona kwenye shuka la sinema, heri niisimulie mwenyewe kabla haijatiwa chumvi.

Mnanijua. Shule niliiona nikipita nje, nikaanza kwa kubeba mizigo stesheni, leo lori ni langu na suti ninazo (tatu). Basi alipokuja Mzungu mmoja wa kupiga picha za sinema, anatafuta habari za watu baada ya vita vya Burma, angemtafuta nani kama si mimi? Nikampeleka kijijini Ipole kwa Mama Nyamizi, ambaye mwanawe Kasanda alikwenda vitani na wenzake, wenzake wakarudi, yeye hata habari.

Sasa Mzungu yule kazi yake ya ajabu. Haulizi kitu. Anakaa uani kwenye kigoda, mashine pembeni, mama anatwanga, yeye anatazama, mchana kutwa. Nikamwuliza, "Bwana, mbona hupigi picha?" Akajibu kwa Kiswahili chake cha kuokoteza, "Mama atasema akitaka."

Mimi uvumilivu huo sina, nikaona nichangamshe mambo. Mimi Mzaramo, na Wanyamwezi ni watani wetu tangu babu zao wakishuka pwani na misafara. Wakifiwa, sisi ndio tunaovaa nguo za marehemu tukamwigiza, wafiwa wakacheka huku machozi yanawatoka. Koti la Kasanda lilikuwa linaning'inia barazani. Nikalivaa juu ya suti, nikaingia uani kwa mwendo wa gwaride, majirani wote wanatazama, nikapiga saluti. "Mayu, mwanao nimerudi. Ugali uko wapi?"

Hakucheka mtu.

Mama akaweka mchi chini. "Mtani huja kwenye msiba," akasema taratibu. "Hapa kafa nani?"

Ndipo nikakumbuka (na kichwa hiki kinahesabu magunia bila karatasi) kwamba matanga ya Kasanda hayajawekwa, mama amekataa katakata. Nikisema msiba upo, nimemuulia mwanawe mbele ya watu. Nikisema haupo, koti nimelivaa kwa haki gani? Nikabaki mkono kwenye paji la uso, saluti haishuki.

"Haya, kama umerudi," mama akasema, "paa linavuja. Panda."

"Mama, na suti hii?"

"Mwanangu habishani na mimi."

Nikapanda. Sasa ndipo majirani wakacheka, suruali ikapasuka nyuma, na ile mashine iliyolala tangu asubuhi nikaisikia inanguruma. Mama akawa ananipa nyasi, na huku ananipa akaanza kusema, si na mimi, na yule Mzungu: jinsi Kasanda alivyoondoka bila kumaliza uji, jinsi anavyopiga mluzi akiezeka. "Akija," akasema, "asikute kwa mama yake kunavuja."

Sinema ilipoletwa Tabora nilikaa mbele kabisa na wakwe zangu, niliowaalika mwenyewe. Uso wangu haumo. Mama anaongea, na nyuma yake, juu ya paa, ni makalio yangu tu. Mama mkwe akaniinamia, akaninong'oneza, "Baba, fundi wako wa nguo ni nani?"

Nimeapa: utani wangu hauanzi tena kabla sijasikia kwa masikio yangu kwamba matanga yamewekwa. Na ya Kasanda, hadi leo, hayajawekwa.