Kidege wa Majabalini

Kabla Wadachi hawajautwaa mji wetu wa Bagamoyo, alikuwapo mmoja tu, mpole, aliyepanga nyumba ya mawe na kazi yake kutafuta ndege. Mkalimani wake alinieleza anayetakiwa: yuko bara, upande wa Ukami, kwenye majabali, mdogo kama shomoro, tumbo rangi ya mdalasini, kichwa cheusi chenye mistari myeupe. Atakayemleta, hata akiwa amekufa, atakuwa msimamizi wa msafara mkubwa wa Mdachi.

Mimi nilikuwa mtega ndege kwa ulimbo, kazi ambayo watu wa mtaa wetu wa Dunda waliiita uvivu, na mjomba wangu akiwa wa kwanza wao. Binti yake nilikuwa nimeahidiwa tangu utotoni, na nilimpenda, sina haja ya kuficha. Lakini mjomba alisema hamwozeshi mtu anayeshinda akitazama matawi. Kwa hiyo usimamizi ule ndio uliokuwa ndoa yangu.

Nikafuatana na msafara wa wachuuzi hadi Ukami. Siku tatu nilikaa juu ya mawe ya moto nikimsikiliza kidege yule akirudia kipande kile kile cha wimbo, kama mtu aliyesahau kilichobaki. Wazungu bwana, nikasema moyoni, wana uroho wa ajabu. Maana sikuwa na shaka kwamba Mdachi anataka kumla. Nani amhangaikie ndege namna ile kwa jambo jingine?

Nilimnasa kwenye kidimbwi alikokuja kunywa. Njiani nilimlisha mtama nikimwita mshenga wangu. Siku moja kabla ya kufika Bagamoyo, akainamisha kichwa, nikaona wazi anakufa. Mimi nimelelewa nikalelewa. Siwezi kumpelekea mtu kibudu, mnyama aliyejifia bila kuchinjwa, hata kama mlaji mwenyewe hajui kibla iko wapi. Nikatoa kisu, nikamwelekeza kibla, nikapiga bismillahi, nikachinja. Kisha, kwa adabu, nikamnyonyoa manyoya yote nikampaka chumvi.

Mdachi alifunua jani la mgomba nililomfungia ndege, akakitazama kile kinyama kisichozidi kidole gumba. Akakaa chini. Machozi yakamtoka, mtu mzima yule. Mkalimani, huku akijizuia kucheka, ndiye aliyenifahamisha kwamba bwana wake huvua ngozi pamoja na manyoya yake, huijaza pamba na kuipeleka kwao. Nyama humtupia paka.

Usimamizi alipewa mkalimani. Mimi nilikwenda nyumbani nikiona haya hata kwa kuku. Lakini Ijumaa, baada ya swala, mjomba alisimama akanisifu mbele ya watu: kijana huyu hakukubali kiumbe afe kibudu mikononi mwake, dini anayo. Nikadhani nimeokoka.

Mwezi haukuisha, akamwoza binti yake kwa mkalimani. Roho iliniuma, na bado inaniuma. Na kwa kuwa sifa ya kisu changu ilikuwa imeenea mji mzima, mjomba alikuja mwenyewe kuniomba nichinje mbuzi wa harusi. Walikuwa wanne, na kila mmoja nilimwelekeza kibla.