Taa Nyekundu mu Motokari ya Papa

Kila asubuhi, nikiwasha motokari yangu, ile taa nyekundu ya freni inawaka mu tablo, na mimi ninarudia kuwa mutoto.

Siku moja, Papa alikuwa anapeleka mashu, zile kabichi, ku soko ya Beni, mimi pembeni yake. Mu mutelemuko, taa ikawaka. Yeye alikuwa anaangalia barabara tu. Nikashuka ku kiti, nikapiga magoti.

— Unafanya nini, mutoto yangu?

— Yesu iko hapa, papa. Taa yake inawaka.

Mama alinifundisha vile ku kanisa: fasi taa nyekundu inawaka karibu na altari, Yesu iko pale, unapiga magoti.

Papa akatupa macho ku tablo. Hakucheka. Alishusha vitesi, gia za motokari, moja-moja ili mbio ipunguke, akaegemeza motokari pembeni ya barabara, akaweka jiwe chini ya gurudumu. Mafuta ya freni ilikuwa inadondoka, na mutelemuko ulikuwa ungali murefu.

Alirudia na mikono inanuka mafuta, akafungua mulango wangu, akavua kofia, akapiga magoti mu majani.

Leo ninajua: freni ya mukono iko juu, ao mafuta imepunguka. Ninajua muzuri. Lakini mbele ya kushusha freni, ninafanyaka alama ya musalaba.